Mzinga Si Ni Mzinga?

Baba yangu alikuwa sajini wa mizinga ya vita. Naliandika hilo mwanzoni kabisa ili karani mwingine asije akalivuruga tena.

Huko Burma alikabidhiwa mzinga mmoja na watu sita wa kuuhudumia. Afisa Mzungu alikaa mbali na darubini yake, akituma masafa kwa simu. Baba alisimama kando ya mzinga, akainua mkono wa kulia, akangoja, kisha akaushusha ghafla. Hapo mzinga ulilia. Aliushusha mkono huo mara nyingi mno hata masikio yake yakafa yote mawili. Alirudi kwetu Suna na medali moja na uziwi. Mimi nilizaliwa mwaka uliofuata, kwa hiyo sauti yangu hakuwahi kuisikia hata siku moja. Alikuwa akisema hivyo mbele za wageni: "Huyu nimemlea kama samaki."

Ukamanda hakuuacha. Chakula hakikupakuliwa mpaka mkono ushuke. Jirani akija kugombania mpaka wa shamba, baba alifumba jicho moja, akanyoosha kidole gumba mbele yake, akatangaza: "Yadi mia tatu na hamsini. Mwongo huyo." Tulicheka kwa kuwa hakusikia tukicheka. Leo naona haya.

Nilikuwa nimeanza kufundisha Kendu Bay, miaka ile ya mwanzo ya Uhuru, tangazo lilipobandikwa: daktari wa masikio angekuja Homa Bay kuwaona waliokuwa askari, na walioumizwa na vita wangepewa vifaa vya kusikilizia. Nilipofika nyumbani nilimweleza baba polepole, asome midomo yangu. Alinirudisha mwanzo mara mbili. Kisha akauliza jambo moja tu.

"Nitakusikia wewe?"

Nikamwambia ndiyo. Niliahidi, na ndiyo maana hasira yangu haijapoa mpaka leo.

Tulikwenda Homa Bay, yaliko makao makuu ya wilaya, baba amevaa koti lake la jeshi na medali kifuani. Karani wa kuandikisha alikuwa kijana aliyehamishwa karibuni kutoka ofisi ya kilimo. Karani huyo hakumtazama baba kabisa, kana kwamba nimeleta gunia. Aliniuliza mimi.

"Dada, huyu mzee alikuwa anafanya kazi gani huko jeshi?"

"Mkuu wa mzinga."

"Mizinga mingapi?"

"Mmoja."

"Mmoja tu?" Akacheka. "Haya, sawa."

Akaandika, akagonga muhuri, akafunga bahasha. Mimi, mwalimu mzima, niliyekesha nikisahihisha madaftari ya watoto wa watu, sikuomba kuiona karatasi moja ya baba yangu!

Jibu lilikuja baada ya wiki tatu. Lilisema, kwa Kiingereza safi kabisa, kwamba kwa kuwa mwombaji alikuwa mfuga nyuki wa jeshi, uziwi wake haukutokana na vita. Nyuki! Jeshi gani duniani lilivuka bahari kwenda kurina asali? Nilirudi Homa Bay. Daktari alikuwa ameshamaliza kazi na kwenda zake. Karani nilimkuta anakunywa chai. Nilimweleza kosa lake, akanisikiliza mpaka mwisho, akapuliza kikombe.

"Lakini dada," akasema, "mzinga si ni mzinga?"

Nimezeeka na bado namchukia. Wanasema hasira hasara. Basi hasara hiyo niachieni mimi.

Kumbe alikuwa ametuongezea na wema wake. Mwezi uliofuata gari la kilimo lilisimama kwetu, likashusha mzinga mpya wa mbao, zawadi kwa mfugaji stadi. Nilichukua shoka. Baba alininyang'anya, akautundika mwenyewe nyuma ya nyumba, na nyuki wakaja.

Nilipofika likizo nyingine nilimkuta amesimama pale, kiganja cha kushoto kimebandikwa ubaoni. Mama alisema huenda pale kila asubuhi.

"Wanaongea humu ndani," baba akaniambia. "Nawapata."

Akakitoa kiganja kwenye ubao, akakiweka kooni kwangu. "Sasa wewe, nyathina, mwanangu." Mkono wa kulia akauinua juu. Nikangoja. Akaushusha.

Maneno mazuri nilikuwa nayo tangu utotoni, nimeyaweka kwa ajili ya siku hiyo. Yote yalinikimbia. Aliyetoka ni yule karani: nilimtukana yeye, na muhuri wake, na chai yake, nikapiga kelele mpaka kuku wakatawanyika na mama akatoka jikoni akidhani nimeumwa na nyuki. Nilitukana nikilia. Baba hakuondoa kiganja, na macho aliyafumba.

Nilipoishiwa pumzi, alisema, "Tena," na mkono wa kulia ukapanda juu.