Matofali Sabini na Moja

Jina lake lote, kama lilivyotajwa kwenye kila jengo alilopita, ni Bi Timazi, binti wa Mchimba Visima, mjukuu wa yule Mkunga aliyezalisha nusu ya mtaa asidai hata kipande cha sabuni. Ndiye aliyeanza kwa kubeba maji na kuchanganya zege akiwa msichana, akauiba ufundi kwa macho, na siku fundi mmoja alipolewa asije kazini, akaushika mwiko wake bila kumwomba mtu ruhusa. Ndiye aliyepandisha madarasa sita ya shule akiwa na mimba ya miezi saba. Ndiye aliyebomoa kwa teke ukuta wa mhandisi mbele ya mhandisi mwenyewe, kwa kuwa ulikuwa umepinda upana wa kidole, na saruji iliyopotea akalipa mhandisi. Timazi, kwa asiyejua, ni ile kamba yenye kipande cha chuma anayoning'iniza fundi kuona kama ukuta umesimama wima. Ukimwambia mama huyu neno lililopinda, hutulia kidogo, kama anasubiri chuma kiache kuyumba, halafu anakuonyesha ulipokosea.

Miaka ishirini na mitatu alijenga nyumba za watu, yeye na mumewe wakikaa chumba na sebule vya kupanga, choo cha kugombania na familia nne. Mumewe ni Mpiga Chapa kiwandani, mtu mpole, vidole vyake havitakati wino hata aende harusini. Kampuni moja ilipojenga nyumba arobaini pembeni mwa mji, Bi Timazi alikuwa miongoni mwa mafundi, na nyumba ya kumi na saba aliipandisha yeye, kuanzia chini kabisa mpaka palipoanza paa. Kwa hiyo benki ilipotangaza kwamba inawakopesha wenye mishahara wazinunue, hakuuliza sana.

"Ni ile ya kumi na saba au hakuna," alimwambia mumewe. "Nyingine nawajua waliopunja saruji."

Siku ya kusaini, afisa mikopo, kijana mwenye viatu vya kung'aa na sauti ya kubembeleza mgonjwa, aliwawekea mbele rundo la karatasi. Mkopo milioni thelathini, miaka ishirini. Akauliza swali moja tu: "Kila mwezi laki tatu na elfu tisini na tano. Mnaweza?"

Wakatazamana. Waliweza, kwa kujibana. Wakasema ndiyo, wakasaini kila palipowekwa alama, wakatoka wamekumbatia bahasha kama wanatoka nayo hospitali ya wazazi.

Bi Timazi alikuwa na hesabu yake mwenyewe, hesabu ya fundi. Nyumba ile ina matofali elfu moja na mia mbili, aliyapanga kwa mkono wake, mistari kumi na mitatu kwenda juu. Miaka ishirini ya kulipa, mistari kumi na mitatu ya ukuta. Kila mwaka ukiisha alizunguka nyuma ya nyumba, akachora kwa chaki hapo deni lilipofikia. Mwaka wa tano mstari wa chaki ulikuwa umempita goti.

"Kuanzia hapa kwenda chini ni petu," alikuwa akimwambia binti yake wa mwisho, msusi wa nywele, wanapoanika nguo. "Huku juu bado tunakaa kwa adabu."

Mwaka huohuo wa tano Mpiga Chapa akarudi kutoka kazini na barua mfukoni. Kiwanda kimebadili kanuni. Mwisho wa kazi sasa ni miaka sitini, si sitini na sita tena. Yeye alikuwa na hamsini na mmoja. Alibakiwa na mishahara ya miaka tisa, na mkopo ulikuwa na kumi na mitano.

Alikaa kitini bila kuvua viatu. "Sasa mama watoto, hiyo miaka sita tutalipa na nini? Watatutoa humu nikiwa mzee."

"Hakuna wa kunitoa kwenye ukuta niliousimamisha mimi," akasema Bi Timazi. "Robo tumeshamaliza. Kesho naenda kuwaambia waigawe ile robo tatu kwa miaka tisa. Tutajikaza."

Kesho yake akavaa gauni la kitenge lililopigwa pasi, akapanga foleni, akamkuta afisa yuleyule, viatu vilevile, kitambi kimeanza kuchungulia.

"Mama, karibu. Shida gani?"

"Sina shida, mwanangu. Nataka kujua deni limebaki kiasi gani. Nadhani ni milioni ishirini na mbili na nusu."

Kijana akabonyeza vitufe. "Milioni ishirini na nane, laki mbili na ushee."

Bi Timazi akacheka. "Umefungua la mtu mwingine. Angalia vizuri."

"Ni lenyewe, mama."

"Tumelipa miaka mitano. Hatujaruka hata mwezi mmoja. Tumelipa milioni ishirini na tatu na laki saba, risiti zote ninazo. Unaniambia limepungua milioni moja na kitu?"

"Ni riba, mama. Mwanzoni rejesho lote karibu linaliwa na riba. Ndivyo ilivyo mikopo yote, dunia nzima."

Akahesabu kwa vidole, akarudia. Watu wa nyuma wakaanza kukohoa kile kikohozi cha foleni. Halafu akauliza swali ambalo lingepaswa kuulizwa miaka mitano nyuma.

"Mpaka mwisho wa miaka ishirini, tutakuwa tumewapa kiasi gani? Jumla."

"Mama, kwa kawaida watu hawaangalii jumla, wanaangalia uwezo wao wa mwezi."

"Mimi nikimpigia mtu hesabu ya nyumba simtajii bei ya tofali moja nikanyamaza. Sema jumla."

Kijana akapunguza sauti, kama anataja ugonjwa wa aibu. "Milioni tisini na nne na laki nane."

"Sema kwa sauti na hawa wa nyuma yangu wasikie, si nao wamekuja kukopa?"

Kijana akajifanya anapanga karatasi. Ila kikohozi kilikwisha, na mzee mmoja aliyekuwa ameshika fomu akaikunja akaitia mfukoni. Bi Timazi hakuondoka mpaka alipochapiwa jedwali la malipo yote, mwezi kwa mwezi, kurasa saba. Kumbe lilikuwepo siku zote. Hakuna aliyeliomba, na hakuna aliyelitoa.

Alilisoma nyumbani, mezani kwake, kwa kidole, mstari baada ya mstari, kama alivyofundishwa kusoma darasa la pili. Mwezi wa kwanza: rejesho laki tatu na elfu tisini na tano, riba laki tatu na elfu sabini na tano, kilichopunguza deni, elfu ishirini. Akachukua milioni thelathini akazigawa kwa matofali elfu moja na mia mbili. Kila tofali, elfu ishirini na tano. Mwezi wa kwanza, kwa jasho lao lote, hawakununua hata tofali moja zima. Akaendelea kujumlisha mpaka mwezi wa sitini. Matofali sabini na moja. Mstari mmoja wa nyumba ile unakula matofali tisini na mawili. Miaka mitano, na hata mstari wa chini kabisa, ule unaorukiwa matope mvua ikinyesha, ulikuwa haujakamilika.

Akatoka nje na kitambaa kibichi, akaifuta chaki yote.

"Tuwarudishie nyumba yao," Mpiga Chapa akasema pale mlangoni. Hakusema kwa hasira. Alikuwa amechoka tu. "Tupange chumba, tuishi kwa amani."

Bi Timazi akageuka na kitambaa mkononi. "Yao? Waliipandisha lini? Walibeba mchanga gani? Baba watoto, nimekuvumilia mengi, na kukoroma kumo, lakini hilo neno usilirudie humu ndani."

"Sasa utafanya nini? Utapigana na benki?"

"Nitapigana na hii karatasi. Tazama." Akamwekea kidole chenye sugu kwenye jedwali. "Riba wanaikata kwenye deni lililobaki. Deni likipungua, riba nayo inapungua. Tukiongeza laki moja kila mwezi, laki hiyo haina riba ya kulipa, inaingia kwenye deni moja kwa moja. Ni matofali manne mazima kwa mpigo."

"Laki moja tutaitoa wapi?"

"Jumamosi zangu nilikuwa napumzika. Sipumziki tena."

Akarudi kwenye kupiga plasta Jumamosi, na Jumapili mchana pia, yeye na umri wake, vijana wa kazini wakimtania kwamba bibi kafufuka. Aliwajibu kwamba bibi ana wapangaji wa kufukuza. Walicheka bila kujua kwamba mpangaji mwenyewe ni benki.

Miezi mitatu akalipa ile laki ya ziada. Mwezi wa nne akaenda kuuliza deni. Lilikuwa palepale ambapo jedwali lilisema litakuwa, kama vile zile laki tatu zimetumbukia kisimani.

"Zipo, mama," afisa akasema haraka, alishaanza kumjua. "Zimehifadhiwa. Ni malipo ya mbele. Siku ukikosa rejesho, tunakata humo. Kwa sasa zinasubiri."

"Zinamsubiri nani?"

"Ndivyo mfumo unavyofanya, mama. Hela ya ziada ikiingia bila maelekezo, mfumo unaiweka ya mbele."

"Na huku zinasubiri, riba mnaikata kwenye deni zima?"

Kijana akatazama vitufe vyake.

"Nijibu, mwanangu. Mimi sikuli."

"Ndiyo."

"Haya. Na maelekezo yanatolewaje?"

"Kwa barua. Lakini mama, itabidi barua kila ziada inapoingia. Kila mwezi. Nani ataweza usumbufu huo?"

Bi Timazi akavuta kiti ambacho hakukaribishwa. "Ulipokuwa unanikata kila mwezi hukuniuliza kama nitauweza usumbufu. Nipe karatasi."

Akaandika palepale, herufi kubwa zilizosimama wima kama nguzo: kwamba yeye na mumewe, wa nyumba ya kumi na saba, wanaagiza ziada hii ipunguze deni lenyewe, isiwekwe kuwa malipo ya mbele, na zile laki tatu zilizotangulia zifanyiwe vivyo hivyo. Akaandika mara mbili. "Moja yako, moja yangu. Zote gonga muhuri."

"Nakala haigongwi muhuri, mama."

"Basi niitie meneja aje aniambie hivyo na jina lake aliandike chini."

Muhuri ukagongwa. Kisha akamwagiza kijana aiulize kompyuta yake: kwa laki moja ya ziada kila mwezi, deni litaisha lini? Kijana akabonyeza, akakunja uso, akabonyeza tena, safari hii akageuza kioo kidogo mama naye aone. Miaka minane na miezi mitano. Nusu mwaka na kidogo kabla ya Mpiga Chapa kufikisha sitini.

"Milioni kama ishirini na moja hamtazilipa kabisa, mama," akasema taratibu, na ile sauti ya kubembeleza mgonjwa ilikuwa imemtoka. "Sijawahi kumpigia mtu hesabu hii."

"Sasa unaijua. Wapigie na wengine."

Miaka minne sasa anapeleka barua hizo. Kuna mwezi mmoja katika mwaka wa pili aliamini ahadi ya dirishani, akaondoka bila nakala, na ile laki ikarudi kusubiri wiki saba mpaka alipoigundua akaipelekea barua nyingine. Tangu hapo haamini ahadi. Mafaili yake yana barua arobaini na nane zenye muhuri, na wenye nyumba wanane wa ule mtaa wameshakuja kunakili maneno yake.

Ila saruji ilishaanza kumdai magoti, na mwezi uliopita goti la kulia likapasuliwa. Daktari amemkataza ngazi, foleni na ukaidi. La mwisho hilo mama alimwambia akaandike dawa yake. Asubuhi ya siku ya kulipa alikuwa kalala sebuleni, mguu juu ya mito miwili, binti yake msusi akitafuta mkoba ili awahi wateja.

"Kaa chini," mama akasema. "Barua ya leo unapeleka wewe."

"Mama, si nilipe tu kwa simu? Dakika moja. Siku hizi nani anapeleka barua?"

"Hela lipa kwa simu, sikukatazi. Barua peleka kwa miguu. Simu haigongi muhuri."

"Mwezi mmoja tu ukipita bila barua kuna nini, jamani?"

"Baba yako ana mishahara sitini. Sisi tuna marejesho hamsini na matatu. Hiyo miezi saba inayozidi ndiyo tuliyo nayo kati ya kukaa humu na kufungasha. Unataka kuichezea?"

Binti akauweka mkoba chini. Alifikiri mamake atamkabidhi barua iliyokwisha kuandikwa, kumbe alikabidhiwa karatasi mbili tupu na kalamu.

"Mimi mwandiko wangu wanaujua, na siku nisipokuwepo watasema mwandiko si wenyewe. Jina lako nimeshalipeleka, limo kwenye faili lao. Kuanzia mwezi huu andika kwa mkono wako, mpaka ile ya mwisho. Dirisha la tatu. Wakikuambia meneja hayupo, msubiri. Wakikuambia urudi kesho, waambie hiyo kesho utaisubiria hapohapo kitini. Usitoke bila nakala yenye muhuri, hata wazime taa."

"Na wakinitolea maneno?"

"Wewe ni binti wa nani?"

Msusi akacheka licha ya kuchelewa. Akavuta meza ndogo, akafungua kalamu kwa meno.

"Haya, mama. Naanzaje?"

"Anza na tarehe."