Kondoo wa Mama Gidamis na Jina Langu Raheli

Ninyi wajukuu zangu, na ninyi vijana wengine mnaotafutia watoto majina kwenye simu, kaeni kwanza. Mimi shule niliishia darasa la nne, sina maneno mengi. Naitwa Raheli. Jina hili ni la Kiebrania, lugha ya Waisraeli wa zamani, na maana yake ni kondoo jike. Msicheke. Wenzenu walishacheka.

Nakumbuka siku ile mwalimu mgeni, aliyeletwa kwetu Gendabi kutoka mkoa wa mbali, aliponiuliza jina darasani. Nikamtajia. Akafurahi, maana alikuwa mtu wa kanisa, akawaeleza wote maana yake. Hakuwa na ubaya. Lakini watoto wa wafugaji na wakulima ukiwapa neno kondoo umewapa ngoma. Mpaka jioni nilikuwa naliliwa meee kila ninapopita.

Jumapili iliyofuata tulikuwa tubatizwe. Nikamwambia baba, "Mimi nataka niitwe Skolastika."

Baba alikuwa ananoa jembe. Hakuinua kichwa. "Jina la Raheli si langu wala lako kulibadili. Nenda kwa Mama Gidamis, umwambie mwenyewe kwamba hulitaki."

Mama Gidamis alikuwa jirani yetu, mama wa Kibarbaig, wa mji wenye ng'ombe upande wa pili wa korongo. Kanisani hakuwa anasali. Sikuelewa jina langu linamhusu nini, ila baba akishasema amesema. Nikaenda.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Mbona umenuna kama umelamba majivu?"

Nikamweleza yote. Akacheka mpaka bangili zake za shaba zikalia. "Wanakuita kondoo? Wangekuita fisi ungefurahi?"

"Hapana, mama."

"Basi keti."

Ndipo nikasikia mambo ambayo nyumbani hakuna aliyewahi kuniambia. Nilipozaliwa, mama yangu aliugua na maziwa hayakutoka. Ng'ombe wa kijiji kizima walikuwa na ugonjwa, wamekauka. Mama Gidamis alikuwa na kondoo aliyefiwa na mtoto wake. Akamvuta kwa kamba mpaka mlangoni petu, akamwambia baba, "Mkamueni huyu. Mtoto akipona, nirudishieni kondoo wangu. Asipopona, bado ni kondoo wangu, nirudishieni."

Ndivyo alivyokuwa anasema, wajukuu zangu. Mtu wa namna hiyo hakupambi kwa maneno, anakuletea maziwa.

"Watoto wangu waliyataka yale maziwa," akaniambia. "Mke mwenzangu alininunia mpaka masika. Wewe ukanenepa. Baba yako akaenda kwa mwinjilisti, akamwuliza kama kwenye kitabu chao kuna jina la kumshukuru kondoo. Mwinjilisti akampa hilo. Akasema kulikuwa na binti wa zamani, Raheli, alichunga kondoo wa baba yake, akawaleta kisimani kunywa, na hapo kisimani ndipo Yakobo alipomwona akampenda. Mimi mambo ya Yakobo siyajui. Kondoo namjua."

Nikageuka kutazama zizi lake.

"Libadili ukitaka," akasema. "Sikumleta kondoo ili nitajwe. Ila hao wanaokucheka uwaambie na hili: wao walinyonya kwa mama zao, na wewe ulinyonya wapi."

Shukrani ya punda ni mateke, wahenga walisema, na mimi nilikuwa nimeshainua mguu. Mama Gidamis ndiye aliyeushusha, bila kunigusa.

Jumapili mwinjilisti akaniuliza, "Jina lako nani?" Nyuma yangu kuna mtoto akalia meee, polepole, ili wazee wasisikie. Nikajibu kwa sauti ya kuitia ng'ombe: "Raheli!" Mama Gidamis alikuwa amesimama nje ya mlango na kibuyu cha maziwa ya sherehe, hakuingia, lakini alisikia. Naamini hata mke mwenza wake kule ng'ambo ya korongo alisikia.

Mama yule ameshakufa. Namshukuru mpaka leo, na kila mtu anaponiita, hata kwa ugomvi, anamshukuru pamoja nami bila kujua.

Kwa hiyo, mwanangu, jina zuri si lile linalolia vizuri mdomoni. Jina jema hung'ara gizani kwa sababu kuna mtu aliyeliwasha. Uliza maana ya jina lako, halafu uliza ni nani alikubeba ulipokuwa huwezi kujibeba. Kama yu hai, kamwamkie. Mungu awape maziwa siku ya ukame, na majirani wa kuyaleta, na akili ya kuwakumbuka.

Juzi mjukuu wangu Neema alijifungua hospitalini, huku Bashay nilikoolewa. Alipata shida. Muuguzi mmoja wa kutoka mbali, dada wa Kiislamu, hakutoka pembeni yake, hata zamu yake ilipokwisha. Wamerudi nyumbani, nikawakuta wamezunguka simu wanachagua jina linalopendeza. Nikaichukua simu, nikaiweka juu ya kabati, nikasema:

"Katika nyumba hii mtoto hapati jina kabla hajapelekwa kwa mtu wa kushukuriwa. Mfunikeni vizuri, baridi ni kali. Chukueni na jogoo. Nendeni kwa yule dada, mkamwulize anaitwa nani na jina lake lina maana gani, ndipo mrudi tuzungumze."