Kamati ya Kufufua Dola ya Nyota

Mume wangu Gelasius alikuwa katibu tarafa kule Muleba kwa miaka ishirini na sita, na tangu astaafu hajapona. Binti yetu Imelda alipotuleta huku Kanada, Scarborough, ghorofa ya kumi na moja, mzee akakosa hata mtu mmoja wa kumwandikia barua ya onyo. Akawa mlinzi wa rimoti. Siku moja akakata tiketi ya kurudi nyumbani mwezi wa nne, ya kwenda tu, akaniambia, "Mama Imelda, wewe ukitaka, baki. Huku hakuna anayenihitaji."

Nilinuna wiki nzima. Sikutaka kuondoka nikamwacha mjukuu wangu Alicia, wala sikutaka kubaki bila huyu mzee, ambaye nimemzoea miaka arobaini na mitano, pamoja na kukoroma kwake.

Sasa Alicia, anayesoma chuo kikuu, alikuwa na mchezo wake wa kila Jumamosi mchana pale mezani kwetu. Wanatandaza ramani kubwa ya nyota. Hadithi yenyewe ni kwamba zamani palikuwa na dola ya sayari arobaini zilizounganishwa kwa milango ya angani. Milango ikafa, kila sayari ikabaki kivyake, na wachezaji wanne wanatakiwa kuifufua dola hiyo. Ni mchezo wa miezi, si wa siku moja. Januari mwenzao mmoja akahamia Calgary, na bila watu wanne hauchezeki. Alicia akamgeukia babu yake.

"Babu, utacheza? You just sit, sisi tutakusaidia."

Akae tu! Hamumjui huyu mtu.

Walimpa sayari yenye maji tu, haina askari hata mmoja. Nishat, binti anayebadilisha mabasi mawili kutoka mtaa wa Jane na Finch, alikuwa na viwanda. Derek, kijana mpole wa ghorofa ya nne, alikuwa na manowari mia mbili, na hapo hapo akatangaza kwamba anaiteka sayari ya jirani. Gelasius akavaa miwani.

"Imepitishwa na kikao kipi?"

Alicia akatafsiri, na ikawa ndiyo kazi yake kila Jumamosi. Derek akasema hakuna kikao, ni vita.

"Basi aandike barua, ipitie kwa katibu."

"Katibu ni nani, Babu?"

"Bado hatujamchagua. Ndiyo maana dola yenu ilianguka."

Jumamosi hiyo hawakurusha dadu hata mara moja. Waliunda kamati, kama tunavyounda za harusi kwetu: mwenyekiti, ambaye bila shaka ni yeye mwenyewe, katibu, kamati ndogo ya usafiri, ya chakula na vinywaji, ya ukumbi na mapambo. Ukumbi, huko angani! Derek na manowari zake wakapelekwa usafiri. Maharamia wa mchezo walipovamia, Gelasius aliwaingiza kamati ya ulinzi, kwa sababu, alisema, mtu mkorofi ukimpa cheo anachoka mwenyewe. Na mlango wa kwanza ulipokuwa tayari kufunguliwa, akagoma mpaka apatikane mgeni rasmi. Wiki tatu dola nzima ikamngoja mgeni rasmi! Nilimwambia mbele ya wote kwamba hata kwenye mambo ya kubuni yeye ni mzigo. Vijana walicheka mpaka Nishat akapaliwa na chai, lakini Jumamosi iliyofuata kila mmoja alikuja na daftari lake.

Na dola ikafufuka, msiniulize vipi. Mwishoni mwa Machi milango yote arobaini ilikuwa wazi, na kitabu cha mchezo kilisema hapo ndipo mwisho. Gelasius akasema kamati ikimaliza kazi lazima ivunjwe kwa sherehe: watu wanakula, wanakunywa, halafu mwenyekiti anatamka kwamba imevunjwa. Nikapika ndizi na nyama, huku nimekasirika, maana safari ilibakiza siku tisa.

Walipokwisha kula, akasimama na koti lake la mikutanoni. Akaishukuru kila kamati ndogo, hata ile ya maharamia. "Kwa hiyo," akasema, "kwa mamlaka niliyopewa..." Akaitazama karatasi. Akaigeuza nyuma, akairudisha, na mimi, niliyekuwa nimepanga kumnunia mpaka uwanja wa ndege, nilitaka kulia.

"Babu, umepotea mstari?" Alicia akauliza.

Aliiweka karatasi chini, akaiinamia ramani, akagusa pembeni kabisa, kwenye duara la kahawia.

"Na sayari hii? Mbona hatujaikagua?"

Lilikuwa doa la chai. Niliimwaga mimi Jumamosi iliyotangulia, yeye mwenyewe akanifokea, na Derek akaifuta kwa mkono wa sweta yake. Wote pale mezani walijua ni chai.

Hakuna aliyecheka. Derek alisogeza kiti, akalichunguza lile doa kama daktari. Nishat akafungua ukurasa mpya, akaandika tarehe. Alicia akachukua rula, akapima kutoka mlango wa mwisho mpaka kwenye doa, akapima tena.

"Ni mbali, Babu," akasema. "Kufika tu, miaka miwili. Maybe mitatu."

Gelasius akaketi polepole. Akakohoa, akavua miwani, akaifuta kwa muda mrefu kuliko ilivyohitaji.

"Mama Imelda," akaniita bila kunitazama, "yule bwana wa tiketi, anafunga ofisi saa ngapi?"

Nilimpa simu kabla hajamaliza kuuliza.