Nilimsimulia Baba Jinsi Alivyokufa

Nimewahi kumsimulia marehemu baba yangu jinsi alivyokufa.

Alisimama hatua nne mbele yangu, kavaa koti la mvua la njano, anakula biskuti.

Msinicheke. Someni kwanza.

Kazi yangu ni kutembeza watalii. Safari ya siku nzima. Saa moja asubuhi tunawachukua hotelini, saa kumi na mbili jioni tunawarudisha. Hapo katikati unawaonyesha ardhi inayofuka mvuke, maporomoko ya maji, mchanga mweusi uliotemwa na volkano, halafu unawapandisha kwenye barafu kuu iliyolala juu ya mlima. Wanateleza, wanapiga picha, wanapiga kelele. Kurudi wote wamelala kwenye basi, midomo wazi.

Nina miaka thelathini. Kumi na miwili kati ya hiyo nimeimalizia kwenye barafu hiyo.

Na miguu yangu ina vidole vinane. Viwili vilikokwenda nitawaambia.

Baba alifanya kazi hii hii, kampuni hii hii. Nilipokuwa na miaka kumi na miwili alipanda peke yake kukagua njia. Upepo ukachachamaa, hakurudi. Walimtafuta siku nne wakapata begi lake tu, kando ya ufa ambao mwisho wake hauonekani.

Kampuni ikaweka kibao cha shaba pale barafu inapoanzia. Jina lake kamili, na chini yake: "Mlima umemchukua."

Mama akajifunga kitambaa cheusi kichwani na hakukivua tena. Yeye ni mshonaji wa kampuni. Glavu zilizochanika, zipu zilizokufa, makoti yaliyopasuka makwapa, yote yanaletwa nyumbani kwetu kwa mafurushi. Fundi magari wa kampuni, mtu mzima na mpole kweli, alimposa mara mbili. Mara zote mbili mama alimjibu jibu moja.

"Mume wangu hajazikwa."

Jamani, hilo neno "hajazikwa" ndilo lililokula maisha yangu.

Kwa sababu barafu ina tabia yake. Kila mwaka joto likija inayeyuka kwa chini, na inatema vitu ilivyomeza zamani. Viatu, chupa, vijiko. Nikajiambia iko siku itamtema baba. Nitamleta nyumbani, mama atazika, atavua kitambaa, atapumua.

Chuo kiliniita nikasomee upimaji wa ardhi. Sikwenda.

Nilikuwa na mchumba. Akapata kazi mji wa mbali, akaniambia, "Chagua, mimi au barafu." Nikachelewa kujibu. Akajijibu mwenyewe.

Nikiwa na miaka ishirini na mmoja nilikwenda kumtafuta baba siku ambayo hata ndege hawakuruka. Nikarudi na mguu wa kushoto mweusi kwa baridi. Daktari akakata vidole viwili.

Miaka miwili baadaye nikaokota glavu. Ya ngozi, imekakamaa. Nilikimbia nayo hadi nyumbani. Mama akaigeuza chini ya taa, akaigeuza tena, akasema taratibu, "Ni yake. Huu mshono wangu."

Tukaizika kwenye boksi la viatu. Nililia hadi nikaishiwa machozi.

Lakini glavu si mtu. Nikaendelea kutafuta.

Sasa njooni kwenye siku yenyewe.

Wageni walikuwa kumi na mmoja. Kati yao familia moja: mama mcheshi, binti mwenye mwanya, na baba mnene mwenye miwani na ndevu zilizochanganyika mvi. Binti alikuwa anatimiza miaka kumi siku hiyo. Safari ilikuwa zawadi yake.

"Mume wangu alikataa katakata," yule mama alituambia mimi na dereva wetu, tunayemwita Honi. "Mtoto kalia siku tatu ndipo kakubali. Eti baridi! Mwanaume mzima!"

"Mzee, barafu unaijua?" Honi akamtania.

"Naijua ya kwenye glasi tu," yule baba akajibu, akaangalia dirishani.

Tulicheka sote. Mimi nilicheka kuliko wote.

Saa nane tukafika kwenye kibao cha shaba. Hapo ndipo ninapowaliza watu.

Naona aibu kusema, ila ndiyo kazi. Ile hadithi nimeinoa miaka yote hiyo. Najua pa kushusha sauti, najua pa kunyamaza nihesabu hadi tatu. Begi kando ya ufa. Mke anayesubiri. Halafu naweka mkono juu ya shaba na kusema, "Mtu huyu ni baba yangu."

Siku ile pia waliguna, wakatoa vitambaa. Yule binti alilia kwa kwikwi.

"Anko, mwili ulipatikana?"

"Bado."

"Alikuwa na mtoto mwingine?"

"Ni mimi peke yangu."

Akakata biskuti yake nusu, akaiweka juu ya kibao. Baba yake, biskuti mkononi na koti lake la njano, alikuwa ametupa kisogo, anakohoa upande wa basi. Nikadhani ni vumbi la majivu, maana pale chini linawakera wengi.

Tukaanza kuvaa njumu, zile za chuma zenye meno zinazofungwa chini ya buti. Wageni huhangaika nazo hadi huruma. Mmoja anaivaa kinyumenyume, mwingine anafunga mkanda kwenye suruali.

Yule baba alikuwa keshamaliza. Kabla sijamwelekeza mtu yeyote.

Nikashangaa kidogo. Mtu wa barafu ya kwenye glasi?

Akapiga goti kumfunga binti yake. Mimi nilikuwa nyuma yao nimeshika kamba.

"Baba, hujapiga hodi," mtoto akasema.

"Si leo, mama."

"Baba! Leo siku yangu! Piga hodi!"

Akageuza shingo kushoto, kulia. Hakuniona. Akagonga ncha ya buti la mtoto kwa kifundo cha kidole, mara mbili, akasema kwa sauti ya chini kabisa.

"Hodi, vidole."

Mdomo wangu ulifunguka wenyewe. Sikuuruhusu. Mimi na yule mtoto tulijibu kwa pamoja.

"Karibu, baba, tupo wote watano!"

Mtoto akacheka, akadhani nimejua kwa bahati.

Baba yake hakucheka. Aliinua uso taratibu, na nyuma ya ile miwani nikayaona macho ya mtu aliyekuwa akinifunga viatu vya shule kwenye korido ya nyumbani kwetu, kila asubuhi, miaka na miaka.

Duniani hakuna mtu mwingine aliyewahi kupigia vidole vyangu hodi.

 Nilikuwa na watu kumi na mmoja wa kupandisha, na kwenye barafu huna ruhusa ya kuzimia. Nikawapanga mstari. Nikawahesabu. Nikamhesabu na yeye.

Nusu saa juu tuna sehemu ya kupumzika, tunamimina chai kutoka kwenye chupa. Wageni walitawanyika na simu zao. Binti alikwenda na mama yake kugusa mistari myeusi iliyo ndani ya barafu, majivu ya milipuko ya zamani. Nikamfuata yule mtu alipojitenga.

"Vidole vyake vyote vipo?" nikamuuliza.

Akatazama alipo binti yake.

"Vyangu vinane. Viwili vilibaki huku, nikikutafuta."

"Pole," akasema.

Pole! Nimewahi kupewa pole na watu walionikanyaga kwenye foleni.

"Tafadhali usimwambie mtoto. Wala mama yake, hajui kitu. Leo ni siku ya mtoto."

"Na yangu ilikuwa lini?"

Akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena. 

"Sikupanga kufa. Niliondoka tu. Niliacha begi kwa sababu lilikuwa la kampuni, nikashukia upande wa pili. Kulikuwa na mwanamke ananisubiri na gari. Kesho yake nikasikia redioni kwamba natafutwa."

"Ukazima redio."

"Na nikabadili jina. Siku ya tano nilimpigia mama yako simu. Muulize."

"Mama yangu usimtaje!" Nilisema kwa nguvu hadi wageni wawili wakageuka. Nikawachekea, nikawapungia mkono. Nikamrudia kwa kunong'ona. "Ana kitambaa cheusi kichwani kwa ajili yako. Miaka kumi na minane. Usimtaje."

Akarudi nyuma hatua moja. Nami sikumgusa. Nakiri nilitamani kumsukuma. Ufa ulikuwa karibu, na jina lake lilikuwa tayari kwenye kibao.

Kilichomwokoa ni yule binti, aliyerudi mbio na kipande cha barafu kiganjani, amefurahi hadi mwanya wote nje.

Tulipowashusha hotelini alinishika mkono.

"Anko, pole kwa baba yako."

"Asante, mdogo wangu," nikamwambia. Hakujua nilimaanisha nini. "Baba yako mshike mkono. Hapa panateleza."

Njia nzima ya kurudi nyumbani nilipigana na jambo moja tu. Nimwambie mama au nisimwambie? Nikimwambia, nimembomolea huzuni yake yote, na huzuni ndiyo nguzo aliyokuwa ameegemea. Nisipomwambia, atakufa akimlilia mtu anayekula biskuti.

Nilifika nimeamua. Simwambii. Nitaimeza peke yangu.

Alikuwa sebuleni na sindano, anaziba kidole gumba cha glavu. Kitambaa cheusi kichwani kama kawaida. Nikavua viatu, nikakaa sakafuni karibu na miguu yake. Akaniangalia.

"Mwanangu, una nini?"

Uamuzi wangu ukaisha hapo hapo.

"Mama, leo nimemsikia mtu akivipigia vidole hodi."

Sindano ikasimama.

Nilijiandaa apige yowe. Nilijiandaa kumdaka akianguka.

Akakata uzi kwa meno.

"Yuko na yule yule," akauliza, "au keshapata mwingine?"

Nilibaki namkodolea macho. 

"Mwingine," nikasikia sauti yangu ikijibu. "Wa sasa hajui kitu."

Mama akacheka kidogo, puani. "Basi na yule naye keshaachwa."

"Ulijua."

"Alipiga simu siku ya tano. Akasema yu mzima, yuko na mtu, harudi. Wewe ulikuwa umelala kwenye hicho kiti, umejifunika koti lake. Nikamwambia akae huko huko alikokufa. Nikakata."

"Na fundi? Na 'mume wangu hajazikwa'?"

"Sikusema uongo. Angezikwaje yu hai? Na ningeolewaje yu hai?"

"Na ile glavu?"

Akainamisha kichwa. "Sijui ya nani. Ya mtalii tu. Nilidhani ukizika utatulia."

Nimemlilia mtalii, jamani. Tumemwekea na maua.

"Mama, kwa nini hukuniambia?"

"Ulikuwa mtoto. Ningekuambia kakimbia, ungekaa dirishani kumsubiri kila siku. Sikutaka usubiri dirishani."

"Kwa hiyo ukaniacha nisubiri barafuni."

 Nikanyoosha mguu wa kushoto, nikauweka mapajani pake. Vidole vitatu.

"Hata siku ile?"

Machozi yakaanza kumtoka, bila sauti. "Siku ile nilitaka kusema, wallahi. Nilikuja hospitali nimeazimia. Ukafumbua macho ukaniambia, 'Mama, nilikuwa karibu kumpata.' Nikashindwa."

Alivua kitambaa chake cheusi, akakikunja mara nne, akakiweka juu ya cherehani. Nywele zilikuwa nyeupe zote. Sikuwa najua. Sikuwa nimeziona tangu nikiwa na miaka kumi na miwili.

Nampenda mama yangu. Na tangu siku hiyo nina hasira naye ambayo sijui niiweke wapi.

Baba alinitupa mara moja, kwa mchana mmoja. Lakini barafuni sikupelekwa na baba. Nilipelekwa na uongo uliotungwa kwa upendo, ukashonwa vizuri, nikavishwa kila asubuhi.

Asubuhi iliyofuata nilikuwa na wageni tisa. Tulipofika kwenye kibao niliikuta ile nusu biskuti imelowa umande. Nikasimulia kama kawaida, maana mwili umezoea. Mzee mmoja akauliza lile swali lao la kila siku.

"Mwili ulipatikana?"

"Ulipatikana," nikamjibu. "Umenenepa."

Walitazamana. Honi akapiga honi kuniokoa.

Mwisho wa mwezi ule niliacha kazi. Chuo wamesema umri wangu umepita, lakini kuna kozi za jioni. Nimeanza. Kule hakuna anayejua hadithi yangu, na kwa mara ya kwanza siisimulii kwa kulipwa.

Najua mtaniuliza kwenye maoni nimejifunza nini. Si mengi.

Wewe uliyeachwa na mwenzako na una mtoto nyumbani, usimzike mtu aliye hai ili mtoto asiumie. Ataumia tu. Mwambie ukweli, umshike akilia, yaishe.

Mwambie mapema, angali na vidole vyote kumi.