Siku Callixte Alipomjibu Shumani

Nimeshawaambia watu wa korali, kwaya yetu ya kanisa, kwamba habari hii haina haja ya kuandikwa. Waliokuwepo waliona, wasiokuwepo walikuwa na kazi zao. Lakini hawasikii. "Mama Epiphanie, andika, we ndiye uliona vizuri." Kuandika! Mimi niliacha shule siku mama yangu alipojifungua mapacha, na kalamu hii inaniuma vidole kuliko kisu cha kumenyea mihogo. Ningemwachia mwingine aniandikie, lakini angetia Kifaransa chake na kunifanya niseme kama mke wa waziri. Basi naandika mwenyewe. Atakayecheka herufi zangu akachekee kwake.

Habari ni ya Namegabe, fundi wa viti, mpangaji wangu hapa mtaani Bwiza.

Alikuja kutoka Uvira, upande wa Kongo, mwaka ule vita vya kwao vilipoanza. Alipita Gatumba akisukuma baiskeli, na juu ya baiskeli sanduku jeusi refu. Askari wa mpakani wakamuuliza, "Umebeba maiti?" Akafungua. Ndani mlikuwa na kitu kama zeze, lakini zeze la ukubwa wa mwanamke aliyeshiba, na pembeni alikuwa amelikaza kwa soksi zilizojaa maharagwe ili lisitikisike njiani. Askari wakachukua maharagwe, pamoja na soksi, wakamwachia zeze. Namegabe mpaka leo anacheka. "Mama, hawakujua kitu wameacha!" Mimi namwambia walijua njaa yao, inatosha.

Zeze lile linaitwa selo. Alifundishwa na mapadri kule Bukavu. Ni mtu mwembamba, mwenye masikio makubwa, anasema kidogo na kula sana. Viti vyake havilii ukikaa, hata mimi nikikaa. Mtu wa namna hiyo simfukuzi.

Pole pole akapata wenzake. Gaspard, mwalimu, alikuja na viyoloni, zeze dogo la kuweka begani, kutoka mtaa wa Kinama. Faris, wa duka la vitambaa, ambaye babu zake walitoka Omani na kwao walipiga udi, alikuja na viyoloni kubwa kidogo, yenye sauti ya mtu mwenye mafua. Na wa nne alikuwa humu humu ndani: Daphrose, mtoto wa marehemu mdogo wangu. Masista walimfundisha viyoloni kabla baba yake hajauawa mwaka tisini na tatu, na tangu hapo analala chumba cha pili kutoka changu.

Walikutana Jumamosi mchana uani kwangu, kwa sababu Gaspard na Faris waliweza kufika na kurudi kwao kabla askari hawajafunga barabara. Walipiga muziki wa Mjerumani wa zamani. Wao wanaandika Schumann, mimi naandika Shumani. Kusema kweli mwanzoni niliona ni kelele. Wanapiga kidogo, wanasimama, wanagombana, wanarudia palepale kama mtu anayetafuta funguo. Mwaka mzima sikusikia kitu kizima. Lakini nikazoea. Nilichambua mchele wangu nikiwatazama, na nikaona wako kama watu wanne kwenye mtungi mmoja: kila mtu na mrija wake, pombe ni ileile, na hakuna anayemsukuma mwenzake.

Siku moja Namegabe akanipa habari ya huyo Shumani. Alimpenda msichana mpiga piano, baba wa msichana akakataa, miaka na miaka, mpaka wakaenda kortini.

"Nani alishinda?" nikamuuliza.

"Shumani, mama."

"Na we, utaenda korti gani?"

Akainamisha kichwa, akajikuna sikio. Alidhani sijui habari yake na Daphrose. Mimi! Nyumba yangu, kuta zangu, nisijue!

Tatizo lilikuwa Callixte. Ni kaka mkubwa wa marehemu baba yake Daphrose, anaishi mlimani Muramvya, na ni mushingantahe, yaani mzee aliyeapishwa kuamua mashauri ya watu. Neno la mushingantahe likishatoka mbele ya watu na mtungi, halirudi, hata kama linamchoma mwenyewe. Mwaka ule watu wa Kinama walipokimbia risasi, naye Gaspard kati yao na viyoloni kichwani, Callixte akatuma ujumbe: "Mji unaungua. Jumapili nakuja kumuchukua mutoto wetu. Na yule Mukongomani asahau. Hana mutu wa kumusemea."

Hapo alisema kweli, na ndipo palipouma. Kwetu mwanamume haombi msichana kwa mdomo wake. Wazee wa upande wake wanakuja, mmoja anasimama anasema, upande wa pili unajibu. Namegabe wazee wake walibaki ng'ambo, na vita katikati. Mimi je? Mimi ni upande wa mama wa msichana, tena mwanamke. Ningesimama, Callixte angetazama kuku.

Daphrose akaniambia, "Mama mukubwa, nikipanda kule sishuki tena. Wataniolesha kwa mutu wa ng'ombe, na nyuzi za viyoloni zitafungiwa vitunguu."

"Utapiga Jumapili," nikasema. "Wote mutapiga. Mugeni hakatai kusikiliza."

Sikuwa na mpango mwingine. Nilifikiri muziki utamlainisha kidogo, kisha tutaona.

Callixte akaja na fimbo yake, kofia, na vumbi la barabara. Nikampa kiti cha Namegabe, nikaweka mtungi wa pombe ya ndizi katikati, majirani wakajaa. Faris alipewa chai. Upande wa milima kulikuwa kunalia bum, bum, lakini mbali.

"Shemeji, nimekuja kwa mutoto, sikuja kwa ngoma," Callixte akasema.

"Apana ngoma, shemeji. Kunywa. Watoto wanataka kukusalimia."

Wakapiga. Safari hii hawakusimama, hawakugombana, na mimi nikasikia kwa mara ya kwanza kitu kinachotembea kutoka mlangoni mpaka jikoni bila kujikwaa. Halafu kimya. Wote wanne wakashusha mikono. Gaspard akafuta jasho.

Nikasema moyoni, basi? Imeisha? Kumbe muziki wa Shumani una vipande vinne, na kati ya kipande na kipande wapigaji wananyamaza kupumua. Hakuna aliyetuambia. Callixte naye akajua anachojua kila mtu wa kwetu: wenye nyumba wakikuonyesha lao kisha wakanyamaza, mtungi uko katikati na macho yote kwako, wanangoja ujibu. Kukaa kimya ni matusi. Akakohoa, akaegemea fimbo, akasimama.

"Amahoro!"

"Amahoro!" tukaitikia hiyo amani yake.

Gaspard akafungua mdomo. "Mzee, bado hatuja..."

Nilimkanyaga mguu.

"Tumesikia salamu zenu," Callixte akasema. "Ni salamu nzuri. Lakini kesho asubuhi mutoto anapanda na mimi. Nimemaliza." Akakaa.

Namegabe akatutazama, akamtazama Daphrose, akawapa wenzake ishara kwa kichwa, na wakaanza kipande cha pili. Hicho kiliruka kama mbuzi aliyefunguliwa kamba. Watoto wa majirani wakacheka, na jirani yangu Mawazo akapiga kelele, "Wanakujibu, mushingantahe! Wanasema apana!"

Kimya tena. Callixte akasimama haraka zaidi, kofia imepinda.

"Munanijibu kwa kuruka? Sawa. Mi nauliza swali la watu wazima. Kijana huyu wazee wake wako wapi? Nani anamusemea? Munijibu hapo!"

Akakaa kwa nguvu. Kiti hakikulia.

Kipande cha tatu kilikuwa cha pole pole. Selo ilianza, wengine wakaingia mmoja mmoja, kama watu wanaoingia msibani bila kubisha hodi. Sitaki kusema mengi. Nilimkumbuka mdogo wangu. Mawazo alinyamaza, na Mawazo hanyamazi hata kanisani. Wakamaliza.

Callixte alisimama. Alitazama fimbo yake, akaigeuza.

"Nimeuliza nani anamusemea," akasema mwishowe. "Nimesikia watu wane. Mi nimekaa kwenye mashauri tangu ndevu zangu nyeusi. Mutu anasema, mwenzake anamukatiza, wa tatu analala. Hawa hakuna aliyemukatiza mwingine, na mutoto wetu yuko kati yao, hakuna aliyemufunika." Akapumua. "Mwenye watu kama hawa ana watu. Mutoto hapandi kesho. Barabara ikitulia, yeye Namegabe apande kwangu na mutungi, na hawa wote nyuma yake. Nimemaliza."

Daphrose alitaka kulia, lakini kulikuwa bado na kipande cha nne, cha mbio. Wakakipiga kama watu wanaokimbilia chakula. Mara tu walipomaliza Callixte akaanza kuinuka tena, nikamshika koti.

"Kaa, shemeji. Umeshamaliza. Usije ukaharibu."

Gaspard, kwa vile ni mwalimu na mwalimu hawezi kuacha, alimweleza baadaye kwamba vile vimya havikuwa vya hotuba. Callixte akanyoosha kofia yake.

"Neno limetoka mbele ya mutungi, halirudi. Na huyo Shumani wenu ana adabu. Anasema, ananyamaza, anangoja mwenzake. Nyie ndio hamukujua maana yake."

Walioana barabara ilipotulia kidogo. Wanaishi humu humu kwangu, nimewavunjia ukuta kati ya vyumba vyao. Vita havijaisha vyote, lakini Jumamosi yangu ipo.

Sasa nimeandika, vidole vimekufa ganzi, na mimi siandikii mtu bure. Jumapili baada ya Pasaka wanapiga tena hapa uani, na Callixte anashuka. We uliyesoma mpaka hapa, uje. Usije mikono mitupu, na usinipigie makofi kama watu wa redio. Wakinyamaza mara ya kwanza, we ndiye utasimama useme neno lako, tena liwe la maana. Nitakaa karibu na mguu wako.