Dobi Aliyeivuka Kamba

Ndui ilipobisha hodi mtaani, kila mtu alifunga mlango isipokuwa dobi, mwanamke asiye na mume. Yeye alikwisha kuiugua utotoni, na ugonjwa ule haumrudii mtu. Ulimwachia uso wenye vishimo na ulimi mwepesi, maana aliona heri ajicheke mwenyewe kabla hajachekwa.

Wa kwanza kuugua alikuwa fundi viatu, mwanamume mjane asiye na mtoto. Nyumba yake ilizungushiwa kamba, majirani wakawa wanapita mbali. Dobi akaivuka kamba na sufuria ya uji. Alimlisha, akamchemshia mashuka kwenye pipa uani, akamletea umbea wote wa mtaa, hata mgonjwa akamsihi anyamaze kidogo: kila akicheka, malengelenge yanamuuma.

Kisha akaja mchanjaji wa ndui, na sindano zake na kipaza sauti. Alinadi mpaka sauti ikamkauka, hakutoka mtu. Uvumi ulikuwa umetangulia kwamba sindano ile inaozesha mkono. Dobi akajifuta povu, akaongozana naye mlango kwa mlango.

“Nitazameni vizuri,” aliwaambia. “Mnataka uso huu, au kovu moja begani?”

Wasichana wenye wachumba ndio waliotoka mbio kwanza. Wengine wakafuata, wakicheka.

Akabaki kaka yake, muuza nyama, pande la mtu. Wifi yake alielekeza mdomo tu upande wa kitanda. Nyayo mbili zilitokeza uvunguni.

“Kaka, miguu yako inatusalimia.”

Alijibu kwamba anatafuta ndara. Dobi akaketi sakafuni, akangoja. Baadaye sauti ikatoka uvunguni, ndogo:

“Ulipougua, nilikaa nje ya dirisha nikikusikia ukilia. Nikisikia neno ndui, mdogo wangu, nguvu zinaniisha.”

Dobi alimshika mkono, akamtoa taratibu, hakumwachia mpaka sindano ikapita. Jamaa akazimia hata hivyo, na mtaa mzima ukajua kabla hajazinduka.

Ndui haikupata pa kushika tena. Kamba ikafunguliwa, na fundi viatu, uso wake nao sasa una vishimo, akaenda moja kwa moja kwa muuza nyama kumposa dobi. Kaka mtu alikubali kabla mwenzake hajamaliza kusema. Aliyeomba muda wa kufikiri ni dobi, na muda wenyewe aliutumia kuchagua kitambaa cha gauni.