Kesi ya Firigisi Huko Uingereza

Mtu akiniambia Wazungu ndio walituletea dini, mimi namjibu kwamba walituletea na namna ya kuicheka dini, tena kwa mashairi. Najua kwa sababu mashairi hayo yalilala chumbani kwangu mtaa wa Kongo, huko Kawangware, chini ya mto wa shemeji yangu.

Shemeji huyo, mdogo wa mume wangu, mchana alifanya kazi ya mjengo, jioni anajisomea mtihani wa fomu sita bila mwalimu. Kitabu chenyewe kilikuwa cha Kiingereza cha kale sana, mpaka yeye mwenyewe akikisoma anakunja uso kama mtu anayemeza kwinini. Jioni moja nakanda unga wa mandazi ya kuuza pale stendi ya Satellite, nikamsikia anacheka peke yake.

"Shemeji, unacheka nini na mtihani uko mlangoni?"

Akanieleza. Kulikuwa na mshairi huko Uingereza, zamani za zamani, kabla mtu hajawaza reli, anawacheka mapadri wanaohubiri kufunga huku mafuta yanawateremka kidevuni. Anawacheka machifu wanaosikiliza kesi baada ya kupokea zawadi, na waume wanaoogopa wake zao halafu wanakimbilia Biblia ili wake ndio waogope. Alikuwa ananigeuzia Kiswahili polepole, kidole kwenye mstari. Mimi nikaacha unga kabisa.

"Wacha! Huyo mtu aliwahi kukaa Kawangware?"

"Alikufa zamani, shemeji."

"Basi alikaa, akafa."

Tulicheka mpaka mume wangu akagonga ukuta kutoka upande wa pili. Lakini nyuma ya ukuta mwingine hakukuwa na kicheko wiki hiyo. Huko alikaa jirani yangu, fundi wa nguo, rafiki yangu wa kuazimana chumvi na siri, na alikuwa na kesi.

Sisi watu wa mkoa wa Magharibi, kuku akichinjwa, firigisi ni ya mwenye nyumba. Akija mgeni mheshimiwa, anapewa mgeni. Mwanamke anaiosha, anaipika, anaipakua, na hapo safari yake imeishia. Sasa pasta wetu alikuwa amealikwa chakula kwa jirani yangu. Sahani ikafunuliwa: mapaja yapo, kifua kipo, shingo ipo. Firigisi haipo. Pasta alitafuta na kijiko mpaka chini kabisa ya mchuzi, akala kwa huzuni kubwa. Aliyepiga nduru ni mama mkwe wa jirani yangu, ambaye alikuwa amekuja kutoka nyumbani kumwona mwanawe.

Mama huyo alisema desturi ni moja: aliyekula firigisi anarudishwa kwao. Mwanawe alikuwa seremala, mtu mpole, lakini mtu mpole mwenye mama. Pasta akasema baraza la wazee wa kanisa litaamua Jumapili ya mavuno, baada ya mnada wa ndizi na kuku. Wakati huo wote jirani yangu alivuliwa kanzu yake ya kwaya, akaambiwa akae benchi ya nyuma. Akirudishwa, watoto wangebaki na nyanya yao. Alikuwa anashona huku machozi yanadondokea kitambaa cha watu.

"Uliila?" nilimuuliza.

"Sikuila," akasema, macho kwenye sindano.

Nikaliacha hapo hapo. Sikujali kama aliila. Nilikasirika, sitaki kudanganya, nilikasirika mpaka mandazi yakaungua. Wanaume wazima, wamefunga tai, wanakaa kikao kuhukumu kipande cha nyama ambacho hakijazi kijiko! Lakini ningesemea wapi? Mwanamke kusimama mbele ya wazee na kuwakosoa ilikuwa ni kutafuta benchi ya nyuma mwenyewe. Na miaka hiyo kila penye watu wengi palikuwa na kijana wa chama tawala ameketi, mguu juu ya mguu, anasikiliza nani anatukanwa.

Ndipo nikamkumbuka yule Mwingereza wa shemeji. Nikaenda kwa pasta, nikamwambia kwa adabu zote kwamba akina mama tungependa kuonyesha mchezo siku ya mavuno, mambo ya Uingereza ya kale, kutoka kitabu cha mtihani. Pasta alifurahi sana. Akasema ni vizuri waumini waelimike.

Kanisa letu lilikuwa na tawi Kibera, Laini Saba, na akina mama wa kwaya yao walikuja kutusaidia. Kati yao alikuwemo muuza samaki, mama mwenye mwili na sauti, akiita wateja kando ya reli unamsikia kabla hujauona moshi wa treni. Huyo tukamfanya hakimu. Wigi lake tulilishona kwa pamba ya godoro. Mimi nilikuwa askofu, na mto tumboni.

Shemeji alipoona mazoezi alishika kichwa.

"Shemeji, Waingereza hawana habari na firigisi."

"Kwani kuku wao wanasagia mahindi na nini?"

"Nasema hawaigombanii."

"Walikuwa wanaigombania. Unafikiri walikuja huku kutafuta nini?"

Akaenda zake nje kusomea kwenye ngazi.

Jumapili ikafika, kanisa limejaa, wanaume upande wao na wanawake upande wao, kuku wa sadaka wamefungwa miguu pale mbele. Nilitangaza kwa sauti, "Huku ni Uingereza, miaka mingi iliyopita!" Akaingia chifu wa Kiingereza, ametugeuzia mgongo, mkono umekunjuliwa nyuma kupokea. Kijana wa chama alicheka mpaka akajipiga paja. "Hao Wazungu walikuwa wabaya sana!" akamwambia aliyeketi kando yake. Nikaingia mimi askofu, nahubiri kufunga huku napangusa mdomo. Wazee wakacheka wakimwangalia pasta, pasta akacheka akiwaangalia wazee.

Kisha Mwingereza mmoja akamwalika askofu kwa chakula. Nikafunua sahani. Nikatafuta na kijiko, kushoto, kulia, chini ya mchuzi.

Kicheko kikakatika. Nikadhani tumekwisha, sasa wameelewa. Kumbe wapi! Mzee wa kanisa, aliyekuwa ameketi mbele kabisa, alisimama na bakora yake akapiga kelele, "Firigisi ni ya mgeni, hakimu! Hiyo haina mjadala!" Mwingine akajibu kwamba kwao mwenye nyumba ndiye anaanza. Wakabishana. Pasta mwenyewe akainua mkono, akasema, "Wazee, tulieni, mwacheni hakimu aamue." Uingereza ilikuwa imesahaulika kitambo. Shemeji pale mlangoni alikuwa ameziba uso na kitabu.

Muuza samaki akatengeneza wigi lake. "Mahakama," akasema kwa ile sauti ya kando ya reli, "haiwezi kuhukumu wizi wa kitu ambacho mashahidi hawakijui. Wanaume wote hapa wamekula. Wanawake wataonja!"

Sahani tulikuwa nayo tayari. Firigisi tulizinunua katika hoteli moja ya Satellite, tukazichemsha, tukazikata vipande vidogo. Ikaanza kupita upande wa wanawake. Pasta aliinuka nusu, akakaa tena. Angekataza vipi? Ametuambia mwenyewe hakimu aamue.

Wa kwanza alifumba macho kama anayekunywa dawa. Akatafuna. Akafumbua.

"Ai! Ndiyo hii?"

Wa pili akatafuna, akamgeukia wa tatu. "Hii tu?"

"Mbona ngumu hivi?"

"Mimi nilidhani ina utamu wa ajabu. Haki ya Mungu, bora hata shingo!"

Kicheko kilianza chinichini, kikapita benchi hadi benchi pamoja na sahani, cha wanawake peke yao, na wanaume wakabaki wanaangalia viatu. Ikafika kwa mama mkwe wa jirani yangu. Nilitaka sahani imruke, niliogopa atatupa sahani. Lakini alichukua kipande, akakiweka mdomoni. Meno yake yalikuwa machache. Alitafuna muda mrefu, sisi wote tukimngoja.

"Nilipokuwa bibi arusi," akasema, "walinirudisha kwetu kwa sababu ya hii. Nilitembea kwa miguu kutwa nzima, kijiji kizima kinaniangalia." Akameza. "Na sikuwa nimeila."

Yule mama hakulia, alikuwa na hasira, hasira ya zamani iliyoiva. Mimi askofu nilisimama pale na mto wangu, nikaona haya kwamba nilikuwa nimemchukia.

Sahani ikafika benchi ya nyuma. Jirani yangu alichukua kipande cha mwisho. Akatafuna taratibu, akamtazama mama mkwe wake kupitia vichwa vyote vile.

"Mama," akasema, "ile ya nyumbani ilikuwa na chumvi zaidi."

Nikajua amejimaliza. Kanisa lote likageuka. Mumewe, yule seremala, alijaribu kuziba mdomo kwa mkono lakini kicheko kikampasukia puani.

"Kwa hivyo uliila," mama mkwe akasema.

"Niliila, mama."

"Yote?"

"Yote."

Yule mama alimwangalia sana. "Afadhali wewe," akasema. "Wewe angalau uliila."

Kisha akamgeukia pasta, na mkono ameunyoosha. "Mletee mtoto wangu kanzu yake."

Pasta akainuka, akaenda kuileta mwenyewe.